Dokumentari ipi ilikufanya uwatazame wasanii wetu kwa jicho jingine? Tupeane uzoefu

Ndugu zangu wa Mwanza na wa kandokando ya ziwa, naomba tusimuliane namna dokumentari za kazi ya muziki zilivyotugusa.

Nianze mimi. Kwa miaka sita nilikuwa mwitikiaji katika bendi iliyopiga kwenye kumbi za Kirumba na Igoma, na tuliporekodi nyimbo mbili, sauti yangu ilijaa katika kibwagizo chote ilhali jina langu halikuandikwa popote. Niliona ndivyo mambo yalivyo, mpaka nilipotazama 20 Feet from Stardom ya Morgan Neville, ya mwaka 2013, inayohusu waitikiaji wa Marekani. Humo yumo Darlene Love, aliyeimba “He’s a Rebel” mwaka 1962, wimbo ukatolewa kwa jina la kundi la The Crystals ambalo halikuuimba, na baadaye maisha yakamfikisha kwenye kusafisha nyumba za watu. Nililia. Siku hizi mabinti ninaowafundisha kuimba nawaambia wakubaliane kuhusu majina yao kabla ya kuingia studio.

Kutoka Kisesa: Kwangu ni As Old as My Tongue ya Andy Jones, ya mwaka 2006, kuhusu Bi Kidude wa Zanzibar. Nilipoitazama, nilikumbuka kwamba bibi yangu alicheza bugobogobo maisha yake yote, na hakuna mjukuu aliyewahi kumuuliza nyimbo zile alifundishwa na nani. Nilikwenda kumuuliza wiki ileile.

Kutoka Pasiansi: Shikamoo dada. Mimi niliguswa na Searching for Sugar Man ya mwaka 2012, kuhusu Rodriguez wa Detroit, ambaye albamu zake za mwaka 1970 na 1971 hazikupata wanunuzi kwao, akaishi kwa vibarua vya ujenzi bila kujua kwamba Afrika Kusini anapendwa mno. Ilinisukuma kumtafuta mzee mmoja mpiga gitaa niliyemsikia utotoni. Nilimkuta Mwaloni akiuza dagaa, nami nikarekodi mazungumzo yetu kwa simu. Hata hivyo, niliposoma baadaye kwamba Rodriguez alikwishafanya ziara Australia mwaka 1979 na 1981, na filamu haikutaja, nilisikitika sana, kwa sababu ukweli huo usingeipunguzia simulizi utamu wake. Kwa hiyo mzee aliponiambia kwamba hakudhulumiwa na mtu, bali aliacha muziki kwa hiari ili asomeshe watoto, maneno hayo nimeyaacha kama alivyoyasema.