Naomba ushauri: nta inatanuka kwenye batiki ya Kihmong

Ndugu wanakikundi, habari zenu. Niko Sa Pa, kaskazini mwa Vietnam, ninakojifunza batiki kwa mama mmoja fundi wa Kihmong (kabila la milimani huku), ambaye huchora kwa nta ya nyuki iliyoyeyushwa, akitumia kalamu yenye bapa za shaba, juu ya kitambaa cha hempu (nyuzi za mmea wa jamii ya bangi) kitakachochovywa mara nyingi kwenye nili, rangi ya buluu. Mistari yangu hutanuka nta ikiwa moto sana, na nikiipoza huganda juujuu tu, nili ikapenya chini yake. Nimejaribu kuichanganya na nta ya parafini, ikazidi kupasuka. Tunaelewana kwa ishara, hivyo maelezo ni haba.

Je, mafundi wa batiki mnatambuaje joto linalofaa bila kipimajoto? Na je, kitambaa kisuguliwe kwanza kwa jiwe hadi kilainike?