Mrejesho: ukungu nyuma ya kabati la nguo

Wakuu, niliuliza kwa nini ukuta wa nyuma ya kabati unaota ukungu wakati kipimo cha mezani kinasoma unyevu wa kawaida tu. Mkanishauri nitafute kifaa cha kurekodi joto na unyevu, nikiweke hukohuko nyuma.

Kwanza nilikihakiki kwa ile mbinu ya chumvi: chumvi iliyoloweshwa ikawa kama uji mzito, pamoja na kifaa, ndani ya mfuko uliofungwa vizuri usiku kucha. Hewa iliyofungiwa na chumvi kama hiyo hutulia kwenye unyevu wa 75%; chenyewe kilisoma 77%, kwa hiyo natoa mbili.

Grafu imemaliza ubishi. Katikati ya chumba unyevu unacheza 50% hadi 60%. Nyuma ya kabati unapanda 80% usiku wa manane na haushuki hadi madirisha yafunguliwe. Hewa ni ileile, ila ukuta ule ni wa nje, una baridi zaidi kwa nyuzi 5 hivi, na hewa ikipoa asilimia ya unyevu wake hupanda. (Mwenye nyumba alishaapa kuna bomba linavuja. Hakuna bomba hapo.)

Nimesogeza kabati sentimita 10 toka ukutani, na mlango unalala wazi kidogo. Sasa unyevu huko nyuma hauvuki 70%. Aliyesema ninunue mashine ya kukausha hewa, kwa sasa sioni haja.