Naomba ushauri: tasnifu yangu juu ya David Held

Habari zenu wakuu. Naandika tasnifu ya uzamili kuhusu David Held, mwananadharia wa siasa Mwingereza aliyefariki 2019. Hoja yake imenikaa moyoni: maamuzi yanayotugusa yanavuka mipaka, lakini kura zetu zinaishia mpakani. Umoja wa Mataifa una wanachama 193, wenye kura ya turufu ni 5 tu!

Msimamizi anataka mfano mmoja wa chombo kinachovuka mipaka ya nchi. Navutwa na Bunge la Afrika Mashariki, ambalo wabunge wake huchaguliwa na mabunge ya nchi, si wananchi. La Ulaya wananchi hulipigia kura wenyewe tangu 1979. Daftari limejaa mishale kati ya hayo mawili. Nilinganishe, au nibaki na letu?

Halafu wazo lake la "cosmopolitan democracy", yaani demokrasia inayovuka mipaka ya nchi, nimeliandika "demokrasia ya walimwengu". Nahofia wasomaji watawaza maneno ya walimwengu. Mngeiitaje?