Hadithi za Manipur za mfululizo: kwanini majirani wana nguvu hivi kwenye ndoa za watu?

Mwali_wa_Pongwe: Wadau habarini. Nasoma huku India, roommate wangu anatokea Imphal, mji mkuu wa jimbo la Manipur, ananisimulia hadithi ya Kimanipuri anayoifuatilia kwenye simu, inatoka kipande kipande. Binti katoroka usiku na kijana, mi nikajua hapo ni damu, kumbe asubuhi wazee wa kijana wanaenda kwa kina binti kutoa taarifa, wakielewana harusi inapangwa! Ugomvi unaanza baadaye, mkwe na mama mkwe, na mtaa mzima unaingilia. Kwanini?

Babu_Kidude: Kutoroka kwa Wameitei, kabila kubwa la Manipur, ni njia ya ndoa inayojulikana dada, wala sio ajabu. Kinachoumiza ni binti aliyetoroka halafu akarudishwa kwao bila kuolewa, huyo anaandamwa na maneno miaka, na waandishi wanajua kukaa hapohapo.

mama_Shani: Majirani sasa. Kule mtaa unaitwa leikai na una wenyewe. Kuna Meira Paibi, kina mama wanaozunguka usiku na mienge, vuguvugu lao lilitokana na vita dhidi ya ulevi mwishoni mwa miaka ya 1970, kwahiyo mume akirudi kalewa akampiga mkewe hilo haliishii chumbani, kina mama watalijua na watakuja. Halafu usimchukulie mama mkwe kama mtu wa jikoni tu, wanawake wa kule ni wafanyabiashara, Ima Keithel pale Imphal ni soko ambalo wauzaji wote ni wanawake. Mama anayeshika hela ya nyumba akigombana na mkwe ni vita ya nani anaamua kitu, ndo maana mi hizo hadithi nazipenda kuliko tamthilia za majumba ya kifahari

Babu_Kidude: Ila mama Shani tusiwasifie sana majirani, mtaa huohuo unaomwokoa mke ndo unaomnyanyapaa yule aliyerudishwa kwao. Hadithi nzuri inaonyesha yote mawili.

Mwali_wa_Pongwe: Asanteni sana, sasa naelewa kwanini kila sehemu inaishia uani watu wamejaa.

mama_Shani: Uani hapohapo ndo wanachezea Sumang Leela, maigizo yao, watazamaji wamezunguka pande zote na kwenye vikundi vya wanaume nafasi za kike wanacheza wanaume. Mwombe roommate wako akupeleke siku moja, ila ulizia usalama kwanza, toka ghasia za kikabila za Mei 2023 huko Manipur hali sio ya kuikurupukia.