Kesi za kodi kutupwa kwa "nje ya muda": hii ni haki au mchezo wa karatasi?

Mzabibu_Hombolo: Wakuu, nina dukuduku. Shemeji ana duka la vifaa vya ujenzi hapa Dodoma. Alikadiriwa kodi na TRA, akapinga, akagonga mwamba, akakata rufaa. Siku ya kusikilizwa kabeba mafaili mpaka ya 2019. Hayakufunguliwa. Upande wa pili ukasimama na pingamizi la awali: rufaa imeletwa nje ya siku 45. Ikatupwa. Kama anadaiwa kihalali au la, hakuna aliyegusa. Katiba ibara ya 107A inasema haki itendeke bila kufungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi. Ibara hiyo ni pambo?

KalamuNyekundu: Si pambo, ila muda si ufundi, muda ndio unaoipa Bodi ya Rufani za Kodi nguvu ya kukusikiliza. Taarifa ya kusudio la kukata rufaa siku 30, rufaa yenyewe siku 45. Umechelewa, omba kuongezewa muda: ulikuwa nje ya nchi, uliumwa, au sababu nyingine ya msingi. Shida watu wanaandikiwa rufaa steshenari za Majengo kwa buku tano, halafu wanalia Katiba.

MamaTona: Ngoja kwanza. Buku tano ya nani? Mimi nina steshenari hapo hapo Majengo. Wanasheria wangapi wanakuja saa kumi jioni siku ya mwisho, kazi imeandikwa kwa mkono nyuma ya bahasha, "dada chapa haraka"? Juzi mmoja kaacha tarehe wazi, nimemkumbusha mimi niliyeishia kidato cha nne.

Kizota_Finest: 😂😂 Mtaje mama.

MamaTona: Simtaji, bado namdai hela ya kurasa 40.

AlizetiTupu: Turudi kwenye mada. Si kuna ile sheria ya 2018, mawakili wanaiita oksijeni, kwamba mahakama iangalie haki kwanza? Na mbona hamsemi ile nusu ya kodi unayolipa kabla hata pingamizi lako la makadirio halijapokelewa TRA?

KalamuNyekundu: Theluthi, si nusu. Theluthi au kiasi usichobishania, kipi kikubwa. Na unaweza kuomba upunguziwe. Oksijeni anapewa anayehema, mkuu, rufaa iliyochelewa imeshakata roho.

AlizetiTupu: Haya, theluthi. Mfukoni inauma vilevile. Na dharau yako kaka ndiyo inafanya watu wakimbilie steshenari.

Kizota_Finest: Steshenari angalau wanakuambia bei kabla.

MamaTona: Na risiti ya EFD, ile ya mashine ya kodi, natoa! Wakili gani hapa amewahi kukupa risiti?

KalamuNyekundu: Dada, mimi sikukutaja.

MamaTona: Umetaja Majengo.

Mzabibu_Hombolo: Jamani, nimempigia shemeji. Anasema barua ya uamuzi ilipokelewa na kijana wa dukani, akasaini, akaibana chini ya boksi la misumari ya inchi nne. Yeye kaiona baada ya wiki tatu, akaanza kuhesabu siku zake hapo.

AlizetiTupu: Hapo sasa! Kijana kasaini kwa niaba ya nani? Hiyo ndiyo hoja ya kuombea muda.

KalamuNyekundu: Inategemea. Aandike kiapo, na kijana naye aape cha kwake.

MamaTona: Aje nimchapie. Na wewe Kalamu, huo mtindo wa "inategemea" nimeuchapa sana. Kurasa 40.

KalamuNyekundu: Dada, njoo faragha.