Likirimba imevunjika: tuanze AVEC namna gani?

Kijana wa Kadutu
Jambo wandugu. Hapa Bukavu tuko watu 18, wengi wamesoma na hawana kazi. Likirimba yetu, ule mchezo wa kuchanga pesa na kupokea kwa zamu, imevunjika: waliopokea mapema waliacha kutoa. Tunataka kuanza AVEC, kikundi cha kuweka akiba na kukopeshana, ili kila mtu apate mtaji wa kuuza sambaza (samaki wadogo wa ziwani), makala (mkaa) au unga. Hisa iwe kiasi gani, na mikopo itolewe vipi?

Mama Sanduku, Goma
Likirimba inauawa na zamu, mwanangu. Aliyekula kwanza hana tena cha kumrudisha. Kwenye AVEC akiba ya mtu inabaki ndani hadi siku ya kugawana, anayekimbia anaacha chake.

Hisa iwe faranga 2,000, mtu anunue 1 hadi 5 kwa wiki. Bei hiyo ipimeni kwa aliye maskini kuliko wote, katika wiki yake mbaya. Sanduku liwe na kufuli 3, funguo kwa watu 3 wa nyumba tofauti, na lenyewe lilale kwa mtu wa nne. Wawili wahesabu kwa sauti, wote wakariri kilichobaki, na mkutano unaofuata uanze kwa kukitaja. Wizi hukamatwa hapo, maana kaye (daftari) ya katibu inaweza kuandikwa upya usiku.

Mkopo usizidi mara 3 ya akiba, riba 5% kwa mwezi, miezi 3 basi. Faranga 500 za kusaidiana zikae kando. Bila hizo, mtu akifiwa mtaji wake unaishia kwenye matanga.

Mhesabu, Lubumbashi
Kwa wastani wa hisa 3 kila mtu, wiki 52 zinatoa hisa 2,808. Siku ya kugawana sanduku likiwa na faranga 6,318,000, kila hisa inarudi 2,250. Lakini mikopo yote iwe imerudi wiki 4 kabla, viongozi wakiwa wa kwanza kulipa. Wakichelewa wao, nani atamdai mwingine?

Msiweke akiba kwa dola. Noti ikichanika kidogo tu pembeni, sokoni wanaikataa, na hasara ni ya kikundi. Faranga inaweza kushuka thamani, ndiyo, kwa hiyo ikopesheni haraka igeuke bidhaa.

Kijana wa Kadutu
Aksanti sana. Wauza sambaza wawili wanataka kukopa wiki ya kwanza. Tuwape?

Mama Sanduku, Goma
Hapana, ngojeni wiki 4 zipite, sanduku lifike kama 432,000. Halafu tazameni mwezi angani kabla ya kuandika tarehe. Sambaza huvuliwa kwa taa, usiku wa giza. Mbalamwezi ikijaa, taa haiwavuti tena, mzigo unapungua, bei ya jumla inapanda na faida inaliwa. Tarehe ikiangukia wiki hiyo, atakopa kwingine ili awalipe ninyi, na hapo atakuwa na madeni mawili. Mpeni tarehe ya mwisho wa siku za giza, akiwa ameshauza. Muuza unga anaweza kulipa wiki yoyote.