Naomba ushauri: filamu za marehemu babu zinanuka siki

Assalam alaykum ndugu zangu. Nipo Wete. Marehemu babu katuachia makopo matano ya filamu za milimita 16. Moja limeandikwa kwa mkono "Karafuu, Mkoani". Juzi nimelifungua, harufu ya siki ikanipanda puani, na mkanda umejikunja kingoni kama jani la mgomba lililokauka. Najua ni asetati, ile plastiki ya mkanda, inaoza, na mvuke wake huharibu mikanda ya jirani, kwa hiyo nimelitenga. Kwenye projekta sithubutu kuutia, umeshasinyaa, meno yake yataupasua.

Joto na unyevu wetu mnaujua. Niyaweke kwenye friji wakati natafuta pa kuskani? Niyafunge vipi yasiingie maji? Na Nyaraka za Taifa pale Kilimani, Unguja, wanapokea filamu za watu binafsi?

Nimeambiwa nitupe. Roho imekataa, huenda mle yumo bibi, na hatuna picha yake hata moja.